Alizeti ndani ya nyumba: kupanda kwa mbegu ukiwa Nakuru, Kisumu au magharibi mwa Kenya

Maswali ya wanaoanza ni yale yale. Mbona mche umerefuka ukalala? Mbona mbegu nilizonunua sokoni hazikuota hata moja? Mbona ua limetoka dogo hivi, na kwenye picha ya pakiti linazidi sahani? Majibu karibu yote yanarudi kwenye mambo mawili, mwanga na aina ya mbegu. Udongo, maji na mbolea vina kazi yake, ila huko unaweza kukosea kidogo na bado ukapata ua. Ukikosea mwanga, hakuna mbolea itakayokuokoa.

Jambo jingine ni kwamba maandishi ya nyuma ya pakiti nyingi za mbegu za maua yanawalenga watu wa Ulaya na Marekani. Yatakwambia ungoje baridi ya theluji ipite na uweke chungu kwenye dirisha la kusini. Kwetu hayo yote mawili hayafai. Hapa unapanda mwezi wowote, na suala la dirisha lina hesabu yake.

Dirisha kwanza, mbegu baadaye

Alizeti inataka jua la moja kwa moja saa sita kwa siku, na ikipata nane ni bora zaidi. Jua la moja kwa moja ni miale inayogusa jani lenyewe. Chumba ambamo unasoma gazeti bila kuwasha taa bado ni giza kwa alizeti. Ukitaka kupima, weka karatasi nyeupe pale unapokusudia kuweka ndoo, inua kiganja sentimita 30 juu yake, utazame kivuli. Kivuli chenye kingo kali maana yake jua lipo. Kivuli hafifu kisichoonyesha vidole, hapo hapafai. Rudia kila baada ya saa moja kwa siku nzima ya jua, uandike saa zilizopita mtihani.

Ulaya, jua la adhuhuri liko kusini mwaka mzima, ndiyo maana wanashauriwa dirisha la kusini. Sisi tuko kwenye ikweta, na mstari wenyewe unapita Maseno, si mbali na Kisumu. Kuanzia mwisho wa Machi hadi mwisho wa Septemba jua la adhuhuri huwa upande wa kaskazini, na miezi inayobaki huwa kusini. Hata hivyo, adhuhuri jua huwa karibu na utosi, na paa la mabati lililotokeza nje ya ukuta hulikata kabla halijafika kwenye kioo. Dirisha la kaskazini au la kusini kwa hiyo hukaa nusu mwaka bila jua, na nusu ya pili hupata kipande chembamba tu. Dirisha la mashariki na la magharibi hupata jua miezi yote kumi na miwili.

Kati ya hayo mawili, chagua la mashariki ikiwa uko Kisumu, Kakamega, Bungoma au Busia. Kanda ya ziwa na magharibi, mawingu hujikusanya kuanzia mchana na mvua hushuka alasiri, kwa hiyo jua la kutegemewa ni la asubuhi. Tena jua la saa tisa Kisumu likipita kwenye kioo huchemsha ndoo hadi mizizi ikateseka. Nakuru kuna baridi zaidi, na huko dirisha la magharibi nalo ni zuri.

Sasa tuseme ukweli: dirisha moja la mashariki hukupa saa tatu hadi tano. Hazitoshi. Una njia tatu za kujaliza:

- Chumba cha pembeni chenye dirisha mashariki na jingine magharibi. Ndoo hukaa hapa asubuhi, pale alasiri.
- Baraza au balkoni. Itoe ndoo asubuhi, uirudishe ndani mvua ikija na wakati wa kulala. Kwa mtu anayeshinda nyumbani, hii ndiyo njia rahisi na ya bei nafuu kuliko zote.
- Taa. Mirija miwili ya LED ya wati 18, ya futi nne, iliyoandikwa 6500K, ining'inizwe sentimita 10 hadi 15 juu ya miche na kupandishwa kadiri miche inavyokua. Ikiwa dirisha linakupa saa nne, washa taa saa sita zaidi baada ya jua kuondoka. Bila dirisha kabisa, washa saa 14 kwa siku. Mirija miwili kwa saa hizo inakula takribani uniti nusu ya tokeni. Usipitishe saa 16, na usiku uwe giza. Kwa taa peke yake panda aina fupi kabisa, na utarajie ua dogo kuliko la juani.

Balbu ya kawaida iliyo darini haisaidii kitu, hata iwe kali namna gani machoni. Mwanga hupungua haraka sana kadiri unavyosogea mbali na taa. Kioo chenye ukungu wa kuficha ndani na pazia la neti navyo vinakula mwanga. Pazia livute pembeni.

Mbegu ya kununua

Aina fupi ndizo za ndani. Big Smile na Elf hufika sentimita 30 hadi 40. Sunspot hufika kama 60. Teddy Bear, yenye ua la manyoya lililojaa petali, huenda 60 hadi 90. Tafuta kwa wauza mbegu za maua, si agroveti ya kawaida, na ukiagiza soma urefu kabla ya kuangalia picha.

Kwenye agroveti utakuta alizeti za mafuta, mfano Kenya Fedha na Kenya Shaba pamoja na chotara. Ni mbegu nzuri, zinaota vizuri, lakini ni za shamba. Hupita mita moja na nusu, na shina lake linataka nafasi ya mizizi ambayo ndoo ya sebuleni haina. Zitumie kujifunzia hatua za kuotesha, au uziweke barazani kwenye ndoo ya lita 20. Kama pakiti moja ya aina fupi imekugharimu pesa nyingi, si vibaya kuanza na hizi za bei ya chini ili mkono uzoee.

Za kuepuka: zilizokaangwa, zilizotiwa chumvi, na zilizobanguliwa ganda. Iliyokaangwa imekufa. Mbegu za chakula cha ndege au kuku huenda zikaota, ila huwezi kujua ni aina gani wala ina umri gani. Mbegu yenye rangi ya waridi, bluu au kijani imepakwa dawa. Usiiloweke, osha mikono baada ya kuishika, na ziweke mbali na watoto, maana wanajua mbegu za alizeti huliwa.

Kama huna hakika na mbegu, zijaribu. Tandika mbegu kumi juu ya tishu yenye unyevu, kunja, tia kwenye mfuko wa plastiki, weka mahali penye joto. Baada ya siku saba hesabu. Zikiota nane au zaidi, panda mbili kwa kila ndoo. Zikiota tano, panda nne. Chini ya hapo, rudi dukani.

Vitu vya kuwa navyo kabla hujaanza

- Ndoo ya lita 10 kwa aina za sentimita 60 na zaidi; ya lita 4 au 5 kwa Big Smile na wenzake. Kila ndoo mche mmoja. Ndoo iwe na kina cha angalau sentimita 25, maana mzizi mkuu wa alizeti huenda chini moja kwa moja. Mkebe wa kasuku, ule wa mafuta ya kupikia, haufai: mche utaishi, lakini utatoa kiua cha huruma.
- Beseni au sinia ya kuwekwa chini ya ndoo.
- Udongo, samadi iliyooza na mchanga wa mto. Kwa ndoo ya lita 10, pima kwa gorogoro, ule mkebe wa kilo mbili wa kupimia mahindi: mbili za udongo, moja ya samadi, moja ya mchanga.
- Msumari wa inchi nne na koleo la kuushikia.
- Kipande cha neti ya mbu iliyochakaa.
- Fimbo nyembamba ya sentimita 60 hadi 90, na vitambaa laini vya kufungia.
- Chupa ya kunyunyizia maji.
- Mbolea ya NPK 17:17:17. Robo kilo ya kupimiwa agroveti inatosha kwa ndoo nyingi.
- Kigoda au meza imara. Ndoo ya lita 10 yenye udongo uliolowa hupita kilo 12, na ukingo wa dirisha haukujengwa kubeba hivyo.

Kuhusu udongo, angalia unakoishi. Udongo wa Nakuru ulitokana na majivu ya volkano. Ni mwepesi na hupitisha maji upesi, kwa hiyo punguza mchanga hadi nusu gorogoro. Ukipata zile kokoto nyepesi za volkano zinazoelea majini, zisage ziwe chembe ndogo uzitumie badala ya mchanga. Udongo mweusi wa tambarare za Kano, ule unaonata wakati wa mvua na kupasuka wakati wa kiangazi, usiutie kwenye ndoo hata kidogo. Hakuna kiasi cha mchanga kitakachourekebisha. Tafuta udongo mwingine. Udongo mwekundu wa Kakamega na Vihiga unafaa, lakini mara nyingi una asidi. Kijiko kikubwa kimoja cha majivu ya kuni kwa ndoo kinatosha kuupoza, na usizidishe.

Samadi iwe imeoza kabisa: nyeusi, inayovunjika mkononi, isiyonuka. Samadi mbichi huunguza mizizi na huleta vijinzi ndani ya nyumba.

Hatua kwa hatua

1. Toboa ndoo. Pasha msumari motoni, toboa matundu sita chini, kila moja upana wa penseli. Fanya kazi hii nje, moshi wa plastiki si wa kuvutwa. Tandika neti juu ya matundu ili udongo usitoroke. Usiweke mawe chini. Wengi wanaamini mawe husaidia maji kutoka, kumbe maji hukwama kwenye udongo ulio juu ya mawe, na mizizi inakaa kwenye tope huku ukipoteza kina.

2. Ua vijidudu vya udongo. Udongo wa shambani huja na ukungu unaoozesha miche. Tandaza udongo uliolowa kidogo kwenye karatasi ya plastiki, funika kwa plastiki angavu, bana kingo kwa mawe, uache juani wiki nne. Ukiwa na haraka, mwagia maji yanayochemka hadi yatoke chini, kisha uache upoe na ukauke siku mbili. Ndipo uchanganye na samadi na mchanga. Jaza ndoo, ukibakisha sentimita tatu juu kwa ajili ya kumwagilia. Usishindilie.

3. Loweka mbegu. Maji ya uvuguvugu, saa nane, isizidi kumi na mbili. Mbegu iliyolala majini siku nzima hukosa hewa na kuoza. Zilizopakwa dawa usiziloweke, dawa itabaki majini.

4. Mwagilia udongo kwanza, kisha panda. Fanya shimo la sentimita mbili hadi mbili na nusu, kama pingili ya kwanza ya kidole gumba. Weka mbegu ncha iliyochongoka ikitazama chini, kwa kuwa mzizi hutokea upande huo. Mbegu mbili au tatu kwa ndoo (nne kama jaribio lilitoa tano tu), sentimita tano kati ya moja na nyingine. Funika kwa udongo uliochekechwa, usibonyeze.

   Panda moja kwa moja kwenye ndoo ya mwisho. Alizeti haipendi kuhamishwa. Mzizi mkuu ukivunjika mche hudumaa na haurudi sawa. Ikibidi kuotesha kwingine, tumia vikombe vya gazeti vinavyozikwa pamoja na mche, na uhamishe mara tu majani halisi mawili, yale yanayofuata majani ya mbegu, yanapofunguka.

5. Funika ndoo hadi mbegu ichomoze. Vuta mfuko wa plastiki juu ya ndoo, weka mahali penye joto la nyuzi 20 hadi 28. Kisumu sehemu yoyote ya nyumba inatosha, na mche huchomoza siku ya tano hadi ya saba. Nakuru, Eldoret na Kitale, hasa Juni hadi Agosti, usiku huwa baridi na unaweza kungoja siku kumi au zaidi. Juu ya friji pana joto kidogo. Usimwagilie tena isipokuwa juu pamekauka. Mbegu nyingi huuawa wiki hii kwa kumwagiwa maji na mtu asiye na subira.

   Panya! Mbegu ya alizeti ni karamu kwao, na hufukua usiku mmoja ndoo zote. Kama nyumba ina panya, funika ndoo kwa wavu wa waya hadi majani halisi yatokee.

6. Siku ile ile inapochomoza, ondoa mfuko na uipe mwanga. Si kesho yake. Siku mbili za giza baada ya kuchomoza zinatosha kuurefusha mche kiasi cha kuuharibu. Hapa ndipo wengi wanaanguka: wanasubiri mche upate nguvu ndipo wauweke juani, ilhali nguvu yenyewe inatoka juani.

7. Punguza miche. Majani halisi ya kwanza, yale yenye kingo za msumeno, yakishafika urefu wa sentimita tatu, bakisha mche mmoja mnene kuliko wote. Mwingine ukate kwa mkasi usawa wa udongo. Usiung'oe, utavuruga mizizi ya jirani. Wengi huona huruma hapa na kuacha yote mitatu. Mwisho hupata mimea mitatu dhaifu isiyo na ua la maana.

8. Mwagilia kwa kidole, si kwa kalenda. Ingiza kidole sentimita tatu. Kukiwa kukavu, mwaga polepole hadi maji yatokee kwenye sinia, ngoja nusu saa, kisha mwaga yaliyobaki. Sinia yenye maji huozesha mizizi na hufuga mbu. Mche wa wiki mbili hunywa kikombe kidogo kila baada ya siku mbili au tatu. Ukiwa na kitumba kwenye ndoo ya lita 10, joto la Kisumu linaweza kudai nusu lita hadi lita nzima kila siku. Nakuru karibu nusu ya hapo. Mwagilia asubuhi, na maji yaende kwenye udongo, si kwenye majani.

9. Geuza ndoo robo mzunguko kila siku. Mimea michanga hufuata jua, na isiyogeuzwa hupinda kuelekea kioo. Pia ipe upepo. Pitisha kiganja juu ya majani taratibu, ukiyainamisha huku na huku kwa dakika moja, asubuhi na jioni, au iache barazani kwenye upepo mwanana. Shina linalotikiswa hunenepa; lisiloguswa hukua refu na laini. Kitumba kikianza kuonyesha njano, acha kugeuza.

10. Mbolea, kidogo. Wiki ya nne, mche ukiwa na majani halisi sita hadi nane, tia kijiko kimoja cha chai cha NPK kwenye ndoo ya lita 10, ukizungusha kandokando, mbali na shina. Ndoo ya lita 4, nusu kijiko. Funika kwa udongo kidogo na umwagilie papo hapo. Rudia kiasi hicho hicho kitumba kinapotokea, basi. Urea na CAN ziache kwenye mahindi: naitrojeni nyingi huleta majani makubwa ya kijani na kuchelewesha ua. Asiyetaka mbolea ya dukani aloweke samadi sehemu moja kwa maji kumi kwa wiki moja, achuje, atumie kikombe kila wiki mbili. Harufu itakufanya uikorogee nje.

11. Egemeza. Chomeka fimbo mche ukiwa na sentimita 20, kabla haujahitaji, sentimita tano kutoka kwenye shina. Funga kwa kitambaa, fundo liwe upande wa fimbo na pabaki nafasi ya kidole kati ya kitambaa na shina.

12. Kitumba na ua. Aina fupi hutoa kitumba wiki ya tano hadi ya saba, na ua hufunguka kati ya siku ya 50 na ya 70. Kwetu mchana ni wa saa 12 mwaka mzima, na baadhi ya aina huharakisha kutoa ua mchana usipokuwa mrefu. Ukiona ua limewahi na mmea ni mfupi kuliko pakiti inavyosema, hujakosea chochote. Tangu kitumba kionekane hadi petali zikunjuke, usiruhusu udongo ukauke kabisa. Huo ndio wakati pekee ambao kusahau maji siku moja kunaonekana kwenye ukubwa wa ua.

Ua hudumu siku saba hadi kumi na zaidi kidogo, ndipo petali huanza kunyauka. Ukitaka maua mfululizo, panda ndoo mpya kila baada ya wiki mbili. Aina nyingi za shina moja hazitoi ua la pili.

Mambo yakienda kombo

*Mche mrefu, mwembamba, umelala.* Mwanga haukutosha. Sogeza taa au badilisha dirisha leo. Mche ukiwa bado na majani ya mbegu pekee, unaweza kuongeza udongo kuzunguka shina hadi chini kidogo ya majani hayo, na kuuegemeza kwa kijiti. Ukishapita sentimita 20 ukiwa na hali hiyo, panda upya, utaokoa muda.

*Ganda la mbegu limekwama kwenye majani.* Mbegu ilipandwa juu mno au udongo ulikauka. Lowanisha ganda, ngoja saa moja, livute kwa vidole bila nguvu. Likigoma, lowanisha tena.

*Shina la mche limesinyaa usawa wa udongo na kuanguka.* Hii ni kinyausi, ukungu unaopenda udongo wenye maji mengi na baridi. Mche ulioanguka hauponi. Utupe pamoja na udongo wake, osha ndoo kwa maji yenye jiki, na safari ijayo usiruke hatua ya pili.

*Majani ya chini yana njano.* Jani moja au mawili ya chini kabisa kwa mmea mkubwa ni kuzeeka tu. Yakipanda juu, ingiza kidole kwanza. Udongo umelowa na unanuka? Maji yamezidi, acha kumwagilia hadi pakauke na uangalie kama matundu yameziba. Udongo uko sawa, majani yamepauka yote? Njaa, tia nusu ya kipimo cha mbolea.

*Kingo za majani zimekauka na kuwa kahawia.* Mara nyingi ni mbolea iliyozidi. Peleka ndoo nje, pitisha maji safi mara tatu ya ujazo wa ndoo hadi yatoke chini, na usitie mbolea kwa wiki tatu.

*Majani yamelegea saa nane mchana, yamesimama jioni.* Ni joto, acha. Yakiwa yamelegea asubuhi ndipo kuna tatizo la maji au la mizizi.

*Wadudu.* Vidukari hujazana kwenye ncha na chini ya kitumba. Nzi weupe huruka ukitikisa jani. Utitiri mwekundu huacha vidoa vidogo na utando mwembamba chini ya majani, hasa kukiwa na hewa kavu. Wote hao dawa yao ya kwanza ni maji ya nguvu bafuni, kisha kijiko kimoja cha chai cha sabuni ya maji kwa lita moja ya maji, kunyunyizwa chini ya majani jioni, kila baada ya siku nne, mara tatu. Jaribu jani moja kwanza na usubiri hadi kesho yake. Vijinzi vyeusi vinavyoruka kutoka kwenye udongo ni ishara kwamba unamwagilia kupita kiasi. Tandaza sentimita moja ya mchanga mkavu juu na upunguze maji.

*Unga mweupe juu ya majani.* Ubwiri unga, hewa imetuama. Kata majani yaliyoathirika, fungua dirisha, tenganisha ndoo.

*Hakuna kitumba na wiki kumi zimepita.* Hakikisha kwanza si aina ya shamba. Kama ni aina fupi, tazama mwanga, kisha ujiulize ni CAN kiasi gani umetia.

Ukitaka mbegu

Ndani hakuna nyuki. Viua vidogo vya katikati hufunguka kuanzia ukingoni kuelekea ndani kwa siku kadhaa. Kila asubuhi pitisha brashi laini juu ya vilivyofunguka. Aina nyingine hazikubali chavua yake yenyewe, kwa hiyo uwe na mimea miwili iliyochanua pamoja na upeleke brashi huku na huku. Au toa ndoo nje asubuhi, nyuki watafanya kazi hiyo vizuri kuliko wewe. Aina zilizotengenezwa zisiwe na chavua hazichafui kitambaa cha meza, lakini peke yake hazitoi mbegu.

Mgongo wa ua ukigeuka njano kisha kahawia, kata na sentimita 15 za shina, uning'inize kichwa chini mahali penye hewa wiki mbili, kisha pukuchua. Mbegu iliyokauka barabara huvunjika ukiibana kwa kucha, haipindi. Weka kwenye bahasha ya karatasi ndani ya mkebe wenye kifuniko, uandike aina na tarehe. Mbegu za chotara zitaota, lakini watoto hawatafanana na mama, na urefu unaweza kukushangaza.

Udongo wa ndoo hiyo usiupandie alizeti tena msimu unaofuata, kwa kuwa magonjwa ya mizizi hubaki humo. Umwage kwenye mahindi au migomba, na ndoo uioshe kwa sabuni kabla ya kuijaza upya.